Msihiri wa Wino na Dhalimu Wake

Miongoni mwa watu ambao hawakuzaliwa na mama bali na kalamu, yupo mmoja ambaye sisi wa pwani hii tungestahili kumjua kuliko wengi wamjuao, naye hatumjui: ni Abdurrahman Masmudi, msihiri wa wino, ambaye umri wake wote hauzidi kurasa chache, na ambaye silaha yake ya pekee mbele ya dhalimu ilikuwa tone la wino lililomiminwa katika kitanga cha mkono. Aliyemwandika ni Jorge Luis Borges wa Argentina, mwaka 1933, na mahali alipomtoa kwanza hapakuwa katika kitabu cha jalada la ngozi bali katika toleo la Jumamosi la gazeti la Crítica la Buenos Aires, gazeti la watu wote, lililouzwa barabarani kwa habari za mauaji na michezo; kisha, baada ya miaka miwili, kisa kikaingia katika kitabu chake Historia universal de la infamia. Hilo la gazeti nalitaja kwa ridhaa ya moyo, kwa kuwa wako watu wadhanio kwamba lichapwalo mwishoni mwa juma hutimiza ajali yake Jumatatu, pale muuza karanga anapoligeuza kuwa vifuko.

Mnasaba wa Masmudi na sisi ni wa ajabu, kwa sababu umejengwa juu ya uwongo. Borges alidai kwamba kisa amekinakili kutoka kitabu cha Richard Francis Burton juu ya nchi za maziwa za Afrika ya Ikweta. Burton ni mtu wa kweli, na safari yake ni ya kweli: mwezi Juni 1857 aliondoka Unguja pamoja na John Hanning Speke, na Said bin Salim akiwa mkuu wa msafara, na Sidi Mubarak Bombay akiwa miongoni mwa wahudumu wao, wakapumzika Kazeh, ambako leo ni Tabora, na Februari 1858 wakafika Ujiji. Kitabu kikachapwa London mwaka 1860 kwa juzuu mbili, na jina lake lasema Afrika ya Kati, wala si ya Ikweta. Mwenye subira ya kukisoma atakuta humo habari za ushanga na nguo za hongo, homa, wapagazi watorokao usiku, na masengenyo mengi juu ya babu zetu ambayo hayana haja ya kurudiwa. Lakini akitafute kuanzia bismillahi hata tamati, Masmudi hamwoni. Borges alijua kwamba hakuna mtu wa Buenos Aires atakayeondoka kitini mwake kwenda kuhakikisha, kwa hiyo akaichukua njia ya Unguja hadi Ujiji, ambayo wazee wetu waliipita kwa miguu na mizigo vichwani, akaifanya kuwa stara ya hadithi yake.

Kisa chenyewe hakikai kwetu. Kinakaa Sudani, katika zama ambazo nchi ile ilikuwa chini ya Misri. Majeshi ya Muhammad Ali wa Misri yaliingia huko mwaka 1820, na mwaka 1822 mwanawe Ismail akachomwa moto pamoja na watu wake huko Shendi kwa sababu ya jeuri yake juu ya Mek Nimr, mtawala wa mji huo, na kisasi kilichofuata kikafanya vijiji kuwa majivu. Katika tarikhi hiyo ya kweli Borges alimtia liwali wa kubuni, Yakub aitwaye Mgonjwa, akamfanya dhalimu kuliko wote waliopata kuitawala nchi hiyo, akaweka mauti yake mwaka 1842. Liwali wa kweli wa mwaka huo alikuwa Ahmad Pasha Abu Widan, naye alikufa Khartoum mwaka uliofuata, huku watu wakinong'onezana habari za sumu. Kwa hiyo uwongo ule ulikaa jirani sana na ukweli.

Ndugu yake Masmudi, Ibrahim, alifanya njama ya kumwondoa Yakub, akasalitiwa na machifu wa Kordofan aliowategemea, akakatwa kichwa juu ya ngozi ya ng'ombe iliyotandikwa kwa kazi hiyo. Zamu ya Abdurrahman ilipofika alijitupa miguuni pa dhalimu akamwambia kwamba yeye ni bingwa wa ilimu ya siri, na kwamba akiachiwa roho yake atamwonyesha mambo ya ajabu kuliko yale ya fanusi za kizungu zitupazo picha ukutani. Yakub akataka dalili hapo hapo. Masmudi akaomba kalamu ya mwanzi, mkasi, karatasi kubwa ya Venice, pembe ya wino, chetezo, punje za giligilani na ubani. Akaikata karatasi vipande sita. Vitano akaviandika talasimu, na cha sita akaandika maneno ya Kurani, ambayo nitayarudia baadaye kwa sababu ndiyo ufunguo wa yote. Akachora khatimu katika kitanga cha mkono wa kuume wa Yakub, akamimina wino katikati, akamwuliza kama anaiona sura yake wazi, naye akakiri. Ndipo akamwambia asiinue macho. Ubani ukafuka. Jambo la kwanza alilotaka kuliona liwali lilikuwa farasi wa mwitu, na farasi akaonekana malishoni, akaja mbio, na nyuma yake kundi zima.

Tangu siku hiyo kila alfajiri mfungwa alipelekwa chumbani mwa mfungaji wake, na wino ukamiminwa. Dhalimu aliona miji na falme, hazina zilizofukiwa, majahazi, vyombo vya vita na vya muziki na vya tabibu, nyota, malaika ambao chakula chao ni tasbihi, na kivuli cha yule fahali aibebaye ardhi na samaki aliye chini yake. Habari ambazo watoto wetu wa chuoni walikuwa wakisimuliwa na bibi zao bila ya kuhitaji msihiri. Siku moja akataka kuona mji uitwao Ulaya, na katika njia yake kuu, katikati ya watu waliovaa nguo nyeusi, akamwona kwa mara ya kwanza mtu aliyefunika uso kwa kitambaa. Tokea hapo mtu yule hakukosekana: pengine amevaa kisudani, pengine kiaskari, na kitambaa usoni daima. Na moyo wa Yakub, uliokwisha kinaishwa na uzuri wa dunia, ukaanza kutamani adhabu, akawa hataki kuonyeshwa ila mateso, kamba na kukatwa viungo.

Alfajiri ya siku ya 14 ya mwezi wa Barmahat walikuwa wawili peke yao. Yakub akaomba aonyeshwe adhabu ya haki, isiyo na rufani, kwa maana siku hiyo nafsi yake ilitamani kuona kifo. Wino ukamwonyesha askari na ngoma, ngozi ya ng'ombe imetandikwa, watazamaji wamejipanga, na mwenye upanga amesimama. Dhalimu akamtambua: huyu ndiye aliyemwua ndugu yako, akasema, na ndiye atakayekuua wewe siku nitakapokuwa nimejifunza kuziita sura hizi bila ya msaada wako. Aliyeletwa kuchinjwa alikuwa yule mwenye kitambaa. Yakub akaamuru kitambaa kiondolewe. Masmudi akamwomba asimtwike dhambi hiyo. Yakub akaapa kwa upanga na kwa msahafu kwamba taksiri yote itakuwa juu ya kichwa chake. Kitambaa kikaondolewa, na uso ukawa ni uso wake mwenyewe. Hakuweza kuyaondoa macho, wala hakuumwaga wino. Upanga ulipoanguka ndani ya wino, naye alianguka sakafuni, maiti.

Borges hakuyabuni yote hayo. Edward William Lane, Mwingereza aliyekaa Cairo kwa kuvaa na kusema kama wenyeji, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1836 juu ya desturi za Wamisri jinsi alivyomwita nyumbani kwake Sheikh Abdulkadir, Mmaghribi, aliyesifika kwa kioo cha wino. Mna humo khatimu, wino, vipande vya karatasi, giligilani na ubani, na ile aya ya Kurani. Tofauti ni kwamba mkono ulikuwa wa kijana asiyebaleghe, aliyepatikana njiani, na alichoona kwanza ni mtu anafagia, kisha bendera saba, kisha hema la Sultani. Lane akataka aitwe Nelson, jemadari wa manowari aliyekufa mwaka 1805, na kijana, ambaye haikudhaniwa kwamba amewahi kulisikia jina hilo, akasema aja mtu wa nguo nyeusi za kizungu aliyepoteza mkono wa kushoto. Kisha akajirekebisha, la, mkono umewekwa kifuani. Nelson kweli alikuwa akibandika kifuani mkono wa koti usio na kitu ndani, ila uliokatwa ulikuwa wa kuume. Na Lane alipouliza, akajibiwa kwamba mambo ya wino huonekana kama ya kioo, kulia huwa kushoto. Habari hii ikaishughulisha Ulaya kwa miaka mingi. Baadaye watu wakamshuku mkalimani, Mskoti aliyesilimu akaitwa Osman, kwamba yeye ndiye aliyekuwa akipenyeza dokezo. Na msafiri mwingine, Alexander Kinglake, alipokwenda kujaribu, akataka aonyeshwe mwalimu wake mkuu wa shule, mzee mkali wa bakora, kijana akamwelezea msichana mzuri mwenye nywele za dhahabu na macho ya samawati.

Mimi naamini kwamba sheikh wa Cairo alikuwa mtu mwerevu mwenye mkalimani mwerevu, na basi. Lakini angalieni Borges alivyokata na alivyoshona: alimwondoa mtoto. Katika mazingaombwe ya Cairo mkubwa huuliza na mdogo huona, kwa kuwa jicho la mtoto halijaingia dhambi. Bwana mwenyewe hana analoliona ila habari ya kuambiwa, na ndiyo maana anaweza kudanganywa. Borges akautia wino katika mkono wa mtawala mwenyewe, akamnyima mkalimani na shahidi, hata likawa kila alionalo ni lake, halina wa kulaumiwa. Kwa badiliko hilo moja mchezo wa ua wa Cairo ukawa kadhia ya maisha na mauti.

Sasa niirudie ile karatasi ya sita. Maneno yaliyoandikwa juu yake ni ya Sura Kaf, aya ya 22, na maana yake ni kwamba mtu ameondolewa utaji uliomfunika na leo jicho lake limekuwa kali. Msomaji wa Buenos Aires au wa London hupita hapo akidhani ni pambo la kisharki, au azima ya kufungulia macho, na hata yule sheikh wa Cairo yaelekea aliitumia kwa maana hiyo hiyo: ondoa pazia, kijana aone. Walakini mtu aliyekaa chuoni, aliyeisoma sura hiyo na kusikia tafsiri yake msikitini, anajua inasemwa na nani na kwa nani na lini. Aya tatu kabla yake yatajwa sakarati ya mauti. Kisha hupulizwa baragumu, kisha kila nafsi huja na mchungaji na shahidi. Ndipo aambiwe mwanadamu huyo kwamba utaji umeondolewa. Ni maneno aambiwayo mtu aliyekwisha kufa. Kwa hiyo msihiri, tangu siku ya kwanza, kwa wino huo huo, mbele ya macho ya Yakub na kwa hati iliyo wazi, alimwandikia hukumu yake na namna itakavyotimizwa, hata hicho kitambaa cha usoni. Na dhalimu, kwa kuwa alikuwa na pupa ya farasi, hakuisoma. Sijui mhakiki wa huko mbali anayelipa jambo hili uzito unaolistahili. Hapa Lamu, Mombasa au Unguja mwanafunzi wa juzuu chache angeshtuka ukurasani.

Yako na mengine ambayo jicho la pwani huyaona upesi. Khatimu ya mirabaa tisa, ambayo hesabu yake huwa 15 kila upande utakaojumlisha, wazee wetu wa ilimu ya falaki waliijua, na kitabu cha Shamsul Maarif cha al-Buni kilipita mikononi mwao, pengine kwa siri na pengine kwa kujitapa. Lakini mapokeo yetu ya wino yameelekea njia nyingine. Mwalimu wetu huandika aya kwa zafarani juu ya sahani nyeupe, akaiosha kwa maji na marashi, na mgonjwa akanywa; likawa neno limeingia mwilini na sahani imebaki haina kitu. Wanazuoni wamehitilafiana juu ya kombe hilo, nami si mwanachuoni wa kuwaamua. Ninaloliona ni tofauti ya adabu: wetu ni wino wa kufutwa, utafutao shifaa, wala haumpi mtu kuona lisilo lake, wa Masmudi ni wino mweusi ulioganda kiganjani, ambao huwezi kuunywa na, kama Yakub alivyofahamu muda ulipokwisha, huthubutu kuumwaga.

Nikimsoma Masmudi sikosi kumkumbuka Karama. Shaaban Robert, katika Kusadikika cha mwaka 1951, alimsimamisha mtu asiye na kitu mbele ya mfalme na baraza lake, ameshitakiwa na waziri Majivuno kwa kosa la kufundisha uanasheria, na kifo kikimngoja. Akamfanya ajitetee siku kwa siku kwa masimulizi ya wajumbe sita waliotumwa pande sita na kuadhibiwa kwa wema wao. Wote wawili, Karama na Masmudi, wanauahirisha upanga kwa kisa, kama alivyofanya Shahrazadi kabla yao. Kisha njia zao zinaachana. Karama hulisema neno lake hadharani, baraza zima likisikia, na analotaka si roho yake tu bali sheria ya nchi. Akashinda, na wafungwa wakafunguliwa pamoja naye. Masmudi husema chumbani, kwa mtu mmoja, alfajiri. Hamwambii dhalimu neno lolote la haki, bali humpa kila anachotamani mpaka tamaa yenyewe imfikishe. Shaaban Robert, aliyeandika chini ya serikali ya Mwingereza, aliamini kwamba mfalme anaweza kusikia. Borges hakuamini. Alikuwa ameona mwaka 1930 majenerali wakiiangusha serikali iliyochaguliwa nchini mwake, na gazeti lile lile la Crítica likifungwa mwaka uliofuata. Na mwaka 1946, kwa masimulizi yake mwenyewe, utawala mwingine ukamwondoa katika kazi ya maktaba na kumpa cheo cha mkaguzi wa kuku sokoni, cheo alichokataa.

Kama ningeulizwa ni yupi mwalimu bora kwa kijana wa leo aingiaye katika uandishi, ningesema Karama, bila ya kusita. Na hapo hapo ningekiri kwamba watawala wengi tuliowasoma katika tarikhi ya bara hili wanafanana na Yakub kuliko mfalme wa Kusadikika. Mtawala asiyetaka kusikia huwa mara nyingi anataka sana kuona: ana wapelelezi, ana mafaili, anataka kujua hili linalosemwa katika nyumba ile na lile linaloandikwa katika barua hii. Mwandishi wa barazani hupewa kazi ya kumtosheleza, na kila siku anayoitimiza ni siku aliyoongezewa. Urithi wa Masmudi uko hapo, katika swali la mtu huyo wa barazani afanye nini na wino wake, na siyo katika hila ya mwisho wa kisa ambayo wasomaji huipigia makofi. Yeye alionyesha adhabu nyingi kabla ya ile moja. Watu walioteswa na kukatwa viungo ndani ya wino, kila alfajiri, kwa ajili ya kumfurahisha muuaji wa nduguye, walikuwa kazi ya mkono wake, na hakuna mahali asemapo kwamba aliijutia kazi hiyo.

Kuhusu mauti ya Yakub, kadhi atakayeletewa shauri hili atapata taabu. Upo utetezi wa nguvu: mfungwa alikwisha kuambiwa kwamba atauawa siku ile maarifa yake yatakapohamia kwa bwana wake, alimsihi asilazimishe kitambaa kiondolewe, na mwenye kuapa kwa msahafu kwamba taksiri ni juu yake amejifunga mwenyewe. Tena hakuna upanga uliopatikana chumbani, wala jeraha. Lakini Masmudi, anapomhadithia Burton mwaka 1853, miaka 11 baada ya tukio, haishii hapo. Asema kwamba dhalimu alipouona uso wake alishikwa na hofu, mkono wa kuume ukatetemeka, naye Masmudi akaushika kwa mkono wake mwenyewe, ambao haukutetemeka, akamwamuru aendelee kutazama mpaka mwisho. Na kilio alicholia Yakub, asema, hakikumtia huruma. Hakuna aliyemlazimisha kuyataja hayo. Mgeni aliyekuwa akimsikiliza asingeyajua kamwe. Kisha anafunga masimulizi kwa kumhimidi Mungu asiyekufa, ambaye mikononi mwake zimo funguo mbili, ya msamaha na ya adhabu, na anazitaja zote mbili.